Sura Zetu, Sauti za Wengine

Kila mtazama sinema amjua nyota wake, na baadhi wamjua mwelekezi. Lakini yuko mtu ambaye kazi yake huwatangulia waigizaji wote, naye ni mteuzi wao. Huyu husoma mchezo, akatafuta sura na sauti, akawajaribu watu mbele ya kamera, kisha akampa mwelekezi majina machache achague. Ni kama mtunga shairi atafutaye neno la kutimiza kina: akikosea, ubeti mzima huchechemea.

Naandika haya nikiwa Isiolo, mji ambapo Waborana, Wasamburu, Waturkana, Wasomali na Wameru hukutana soko moja. Kwa watu wa kaskazini hii, sinema za wageni si jambo jipya. Mwaka 1953 John Ford alitoa "Mogambo", mbele wakiwa Clark Gable na Ava Gardner. Wasamburu nao walitajwa mle, lakini kwa jina la kabila, kana kwamba kabila zima lina uso mmoja.

Nusu karne ikapita. Mwaka 2005 Wajerumani wakatoa sinema iliyotokana na kitabu cha Corinne Hofmann, Mswisi aliyeolewa na Msamburu. Jina la sinema lataja Wamasai, si Wasamburu. Nafasi ya mume akapewa Jacky Ido, Mfaransa mzaliwa wa Ouagadougou. Ni mwigizaji hodari, sina neno naye. Ila nauliza: kutoka Maralal hadi Isiolo, hakuwako kijana wa kufundishika?

Nitajibiwa kwamba mwenye fedha ataka mtu aliyezoea kamera, maana kila siku ya kupiga picha ni gharama. Hoja hiyo ina uzito, lakini haitoshi. Kule Ireland, sinema ndogo "Once" ya 2007 ilifikiriwa kwanza kwa ajili ya Cillian Murphy. Mwishowe wakateuliwa wanamuziki wawili, Glen Hansard na Markéta Irglová, na wimbo wao ukapata tuzo ya Oscar mwaka 2008. Na hapa kwetu Kenya, "The First Grader" ya 2010 iliwatumia watoto wa shule ya kijijini katika Bonde la Ufa.

Sisemi kila mhusika achezwe na mtu wa ukoo wake. Hivyo sanaa itakufa. Nasema atafutwe kwanza nyumbani, na mtafutaji awe mtu ajuaye lugha ya nyumbani. Mwaka 2024 wenye tuzo za Oscar walitangaza kuanzisha tuzo ya wateuzi. Basi vijana wa Isiolo nao na wafunzwe kazi hii, walipwe, na majina yao yaandikwe.

Mgeni njoo, mwenyeji apone, ndivyo tulivyolelewa. Lakini mwenyeji hataponea kusimama nyuma ya picha, kashika mkuki, kanyamaza.