Mpiga picha na aketi kwanza mezani pa mhariri

Asomaye orodha ya majina katika filamu "The Good German" ya mwaka 2006 ataambiwa kwamba mpiga picha ni Peter Andrews, na mhariri ni Mary Ann Bernard. Watu hao hawakuwamo katika kazi hiyo. Wote wawili ni Steven Soderbergh, Mmarekani aliyeielekeza filamu yenyewe, akajisitiri kwa majina aliyoyatoa kwa baba na mama yake. Babaye, nitaje kwa fahari ya walimu, aliwahi kuwa mkuu wa kitivo cha elimu katika Chuo Kikuu cha Jimbo la Louisiana.

Filamu ya Soderbergh iliyotwaa tuzo kuu ya Cannes mwaka 1989 aliihariri mwenyewe, ilhali kamera ilishikwa na mwingine. Miaka kumi na mmoja baadaye, katika "Traffic", kamera ilikuwa mikononi mwake.

Mfuatano huo ndio ninaowasihi walimu wa filamu shuleni wautafakari. Wanafunzi wetu hugombania kamera. Uhariri husukumiwa mmoja aliye mpole, tena usiku wa kuamkia mashindano. Maskini huyo ndiye agunduaye makosa wakati hayarekebishiki: msichana anatoka darasani akielekea kulia, picha ifuatayo inamwonyesha uwanjani akielekea kushoto, na mtazamaji hudhani amerudi alikotoka. Barua iliyomliza hakuna aliyekumbuka kuipiga picha. Aliyewahi kuhangaika na pengo kama hilo hatalisahau siku atakapokabidhiwa kamera.

Najua nitajibiwa kwamba vifaa hakuna. Lakini "Unsane", iliyotoka mwaka 2018, Soderbergh aliipiga kwa simu ya mkononi kisha akaihariri. Simu ile si ya bei ya mwanafunzi, nakiri; hata hivyo shule nyingi hazikosi simu moja ya mwalimu na kompyuta moja.

Wala sisemi mtu mmoja afanye yote. Katika "Traffic" uhariri aliachiwa Stephen Mirrione, naye akatuzwa Oscar kwa kazi hiyo. Soderbergh alijua alichokuwa akimkabidhi mwenziwe.

Basi muhula wa kwanza, kila mwanachama wa chama cha filamu apewe picha zilizopigwa na wenzake wa mwaka uliopita, aziunganishe ziwe kisa cha dakika tatu. Kamera ikae kabatini hadi amalize.