Karata si kamari: tupeni konsoli siku mbili tu kwa wiki

Ndugu vijana wenzetu wa Base Camp, Juru na Rubondo, na ninyi dada na kaka wa mashirika mnaosoma ukurasa wetu, leo tuko na neno na hatutalizungusha.

Chumba chetu cha vijana kiko na konsoli moja, televisheni moja na pedi mbili. Kila siku chumba kikifunguliwa, ni gemu ya mpira. Mwezi uliopita mwenzetu mmoja aliazima diski ya Slay the Spire kwa ndugu yake aliyeko Kampala. Tukacheza wiki nne, Jumanne na Alhamisi, saa nane mpaka saa kumi na moja jioni. Wiki ya nne msimamizi akapita mlangoni, akaona karata kwenye skrini, akasema ondoeni. "Hapa hatutaki mambo ya karata. Karata ni kamari." Tukaandika barua kuomba siku zetu mbili. Jibu lilikuja kwa mdomo: tushukuru kwa mpira.

Kushukuru tunashukuru. Lakini jibu hilo tunalikataa, na sababu zetu ni hizi.

Kwanza tuelezane gemu zenyewe, kwa sababu wengi wanaozikataza hawajawahi kukaa nazo hata dakika kumi. Wote hapa Nakivale tunajua Matatu: fungu moja la karata 52, watu wote wanachota humo. Gemu za kujenga fungu ni kitu kingine. Hapa fungu ni lako peke yako, linaanza likiwa dhaifu, na wewe unalijenga huku mchezo ukiendelea. Aina hii ilijulikana duniani kwa mchezo wa mezani uitwao Dominion, wa Donald X. Vaccarino, uliotoka mwaka 2008. Baadaye ikaingia kwenye kompyuta na konsoli. Slay the Spire ilikamilika mwaka 2019 na mwaka huohuo ikafika PS4, Switch na Xbox One. Balatro ilitoka mwaka 2024.

Kwenye Slay the Spire, shujaa wa kwanza anaanza na karata 10: tano za kupiga, nne za kujikinga na moja ya pigo zito. Kila zamu unachota karata tano na una nguvu tatu za kutumia. Adui anakuonyesha juu ya kichwa chake anachotaka kufanya, kwa hiyo huwezi kusema hukujua. Ukishinda unaonyeshwa karata tatu: chagua moja, au kataa zote. Hapo ndipo watu wanapofeli. Mgeni anachukua kila kitu kwa sababu ni cha bure. Baada ya muda fungu lake limenenepa, karata nzuri zimezama chini, na siku ya adui mkubwa hazitoki. Anayefika juu ni yule anayejua kukataa, tena anayekubali kulipa dhahabu ya gemu dukani ili karata mbovu iondolewe.

Sasa mtuambie, kamari iko wapi hapo? Kamari ni kuweka pesa yako juu ya jambo ambalo huliongozi, ukitumaini pesa nyingine irudi. Kwenye gemu hizi hakuna shilingi inayowekwa wala inayotoka. Ukishindwa unaanza upya na karata zako 10.

Tunajua Balatro inatumia mikono ya poka na picha zake zinafanana na za kasino. Wasiwasi huo si wa kijinga, hata Ulaya walikuwa nao. PEGI, wale wanaopanga umri wa gemu huko, waliipa 18. Februari 2025 wakaishusha hadi 12, baada ya kulitazama jambo lenyewe tena. Kama wao waliweza kutazama tena, na nyinyi mnaweza.

Na tukizungumza kamari, tuzungumze kweli. Inachezwa chumba hichohicho, kwenye gemu ya mpira. Kila mtu anajua. Shilingi 500 kwa mechi, siku nyingine 1,000, zinashikwa na mtu aliyekaa karibu na mlango. Sheria ya Uganda ya mwaka 2016 inakataza mtu chini ya miaka 25 kucheza kamari. Wanaoweka pesa pale wengine hawajafika 16. Mdogo wetu mmoja alitumwa kununua posho, akapita kwanza "kucheza moja tu", akarudi nyumbani mikono mitupu. Jina lake hatulitaji. Tangu mwaka 2023, mgao ulipoanza kutolewa kwa makundi, kuna nyumba hazipati kitu kabisa, na pesa ya posho ikipotea hapo hakuna pengine pa kuitafuta. Hiyo haikuonekana na msimamizi. Karata za kuchora kwenye skrini ndizo zilizoonekana.

Hatusemi mpira ni mbaya. Sisi wenyewe tunaupenda. Tunasema mmeangalia picha mkaacha kuangalia pesa.

Jambo la pili ni nani anashika pedi. Kwenye mpira sheria ni moja: mshindi anabaki. Kwa hiyo asiyejua hapati kujifunza, na anayejua haondoki. Dada zetu walikuja Jumamosi tatu mfululizo, wakakaa kwenye benchi, wakarudi nyumbani. Halafu ripoti inaandikwa eti wasichana hawapendi gemu. Kwani nani aliwapa?

Zile wiki nne za karata mambo yalikuwa tofauti. Gemu ni ya mtu mmoja, ndiyo, lakini haina haraka. Hakuna saa inayokukimbiza, kwa hiyo mmoja anashika pedi na watu saba wanabishana: piga, hapana jikinge, wewe huoni atatupiga 18? Pedi tuliipitisha kila baada ya pambano. Kiingereza kilitusumbua siku ya kwanza. Siku ya pili tukabadilisha lugha kwenye mipangilio, tukaweka Kifaransa. Binti mmoja kutoka Burundi, mgeni, ambaye tangu afike hakuwa amesema neno mbele ya watu, akaanza kusoma karata kwa sauti na kututafsiria kwa Kiswahili. Alhamisi moja tulipewa karata ambayo sote tuliitaka, inang'aa, bei kubwa. Akasema, "Acheni hiyo. Haiendi na zetu." Tukamkatalia, tukaichukua, tukafa pambano la pili. Wiki iliyofuata walimwuliza yeye kwanza. Kuna mafunzo ya uongozi ya siku tano, yenye soda na cheti, ambayo hayajafika hapo.

Na umeme wa sola ukikatika? Kwenye mpira mechi inapotea na ugomvi unaanza. Kwenye Slay the Spire unarudi mwanzo wa pambano lilelile. Kwa chumba kama chetu hilo si jambo dogo.

Sasa njia, kwa vijana wa makambi mengine wanaotuuliza wataanzaje. Duka la mtandaoni la konsoli linataka akaunti, kadi ya benki na nchi, na nchi tunayoishi mara nyingi haipo kwenye orodha. Sisi mambo ya orodha tumeyazoea. Kwa hiyo tafuteni diski au kaseti ya gemu iliyotumika. Kabla ya kulipa fungueni boksi, kwa sababu mengine yako na karatasi ya namba tu ndani. Kama kuna shirika au rafiki mwenye akaunti halali, gemu ishushwe mjini penye intaneti nzuri, moja kwa moja ndani ya konsoli yenu, na konsoli iwekwe kuwa ya kwanza ya akaunti hiyo ili ifunguke bila mtandao. Ijaribuni mtandao ukiwa umezimwa, kabla haijapanda gari.

Kaeni mbali na gemu za karata zinazotaka mtandao kila saa. Gwent ilikuwepo kwenye PS4 na Xbox One. Mwaka 2019 wenyewe wakatangaza kwamba wanaacha kuitunza kwenye konsoli. Ile ya kuchezwa bila mtandao haizimwi na mtu aliye mbali.

Kuhusu bei, mtuwekee hesabu mezani. Slay the Spire ilitoka kwa dola 25 hivi, Balatro kwa 15 hivi. Gemu mpya ya mpira ni dola 60 hadi 70, na kila mwaka wanatoa nyingine. Ukinunua zote mbili za karata bado umebakiwa na chenji.

Na nyinyi vijana wenzetu mnaosema hayo ni mambo ya Wazungu: Liverpool na Real Madrid ni za Kisangani? Tusidanganyane. Wengine mnaogopa tu kwamba zamu zenu zitapungua. Semeni hivyo, tutaelewana.

Hatuahidi kwamba gemu ya karata itampa mtu kazi au itamtoa kambini. Tumechoka kila kitu cha vijana kutakiwa kwanza kithibitishe faida. Tunataka mchana mmoja ambao mtu anafikiri kwa bidii, anashindwa, anacheka, na pesa ya mama yake iko salama.

Tunachoomba ni hiki. Jumanne na Alhamisi zirudi. Pesa isishikwe mlangoni kwa gemu yoyote, ya mpira au ya karata, na tuko tayari kusimamia wenyewe kwa zamu. Mwaka huu, badala ya mpira mpya, mnunue diski moja ya karata. Na kabla ya kukataza kitu chetu, njoo ukae nacho.

Msimamizi, tunakukaribisha Jumanne, saa nane. Pedi utashika wewe kwanza.