Maiti Waliogeuzwa Burudani ya Baa

 



Katika miji mingi mikongwe ya Ulaya na Marekani imeenea biashara ya kuwatembeza watalii usiku katika baa za kale kwa ajili ya kusikiliza habari za mizuka. Jua likishazama, kundi la watu hukusanyika mlangoni mwa baa ya kwanza. Mwongozaji, mara nyingi akiwa amevaa joho jeusi na kushika taa, huwapitisha kutoka baa moja hadi nyingine. Kila baa ina kinywaji chake na kisa chake: hapa baharia alichomwa kisu, pale mwanamke alijinyonga, ghorofani husikika nyayo za mtoto aliyekufa kwa homa. Watu hushtuka, hucheka, hunywa, kisha huendelea. Vijana wetu waliokwenda huko kusoma au kutafuta riziki hualikwa na wenzao wa darasani na kazini, nao hujiuliza ubaya uko wapi maadamu mtu anaweza kuagiza soda.

Kwa upande wa fiqh jibu si refu. Mtume (s.a.w.) hakukataza kunywa khamr peke yake, alimkataza pia mwenye kumuamini Allah na Siku ya Mwisho kukaa katika meza inayozungushwa khamr. Soda haibadilishi meza. Lau tungekuwa na hilo tu la kusema, tungelimaliza hapa na kuokoa karatasi. Lakini liko jambo jingine katika matembezi haya ambalo halizungumzwi sana, nalo ni hili: maiti wanaosimuliwa ni maiti wa nani, na ni kwa idhini ya nani?

Tuuchukue mji mmoja unaojulikana mno kwa biashara hii, mji wa Savannah katika jimbo la Georgia, kusini mwa Marekani. Mwaka 2002 taasisi moja ya huko inayojishughulisha na habari za roho iliutangaza kuwa ndio mji wenye mizuka mingi kuliko yote nchini, na sifa hiyo imegeuzwa mtaji. Wapo wanaotembezwa kwa miguu, na wapo wanaopakiwa katika magari yaliyokuwa ya kubebea maiti, yaliyokatwa paa ili abiria waone vizuri. Sheria ya mji inaruhusu mtu kutembea barabarani katika mtaa wa kale akiwa na pombe yake katika kikombe cha plastiki, mradi kisizidi takriban nusu lita. Kwa hiyo msafara haulazimiki hata kumaliza bilauri kabla ya kutoka mlangoni.

Msomaji atastaajabu akielezwa namna mji huo ulivyoanza. Savannah iliasisiwa Februari 1733 na Mwingereza James Oglethorpe pamoja na walowezi wapatao mia moja na kidogo. Kiangazi cha kwanza walowezi wengi waliugua na kufa, na Oglethorpe akaitupia lawama pombe kali ya ramu. Mwaka 1735 wadhamini wa koloni lile, wakiwa London, walipitisha sheria zilizothibitishwa na mfalme. Moja ilipiga marufuku ramu na pombe kali nyingine, na nyingine ilipiga marufuku kuingiza na kumiliki watumwa weusi. Mji ambao leo watu hutembezwa baa hadi baa kusikiliza mizuka ya watumwa ulianzishwa, kwa mujibu wa sheria, bila ramu na bila mtumwa.

Tusiwapambe watu wale kwa sifa wasizostahiki. Marufuku ya utumwa haikutokana na huruma juu ya Mwafrika. Georgia ilikusudiwa iwe ngome mbele ya Wahispania waliokuwa Florida, nao Wahispania walikuwa wakiwaahidi uhuru watumwa wanaotoroka kwa Waingereza. Walowezi walitakiwa wafanye kazi kwa mikono yao na washike bunduki. Hata hivyo sheria ilikuwa sheria, na namna ilivyoanguka ina mazingatio. Ramu ni pombe inayotokana na molasi, molasi ni masalia ya sukari, na sukari ya visiwa vya Karibi ililimwa kwa mijeledi juu ya migongo ya watumwa. Wafanyabiashara wa Georgia walinung'unika kwamba visiwa vile vingenunua mbao zao, ila malipo yake yangekuwa ramu, na ramu haikuruhusiwa. Mwaka 1742 marufuku ya pombe ikalegezwa na kuachwa. Hazikupita ila takriban miaka tisa, tarehe 1 Januari 1751, utumwa nao ukahalalishwa. Anayedhani kwamba ulevi ni dhambi ya mtu na bilauri yake tu, isiyomdhuru mwingine, na aisome historia hii kwa makini.

Mwaka 1753, miaka miwili baada ya mlango wa utumwa kufunguliwa, ndipo inapohesabiwa kuanza nyumba ya wageni ya mabaharia iitwayo Pirates' House, ambayo hadi karne hii imekuwa kituo mashuhuri cha hadithi za mizuka. Kituo kingine ni jengo la City Hotel la mwaka 1821, ambamo mwaka 1999 kilifunguliwa kiwanda cha bia chenye baa. Humo, Agosti 1832, tabibu Philip Minis alimpiga risasi James Stark na kumuua, baada ya Stark kumtukana kwa Uyahudi wake na ugomvi kutokota kwa miezi. Mahakama ilimwachia Minis. Hilo limeandikwa na linajulikana. Mwongozaji huliongezea kwamba Stark hadi leo huwasukuma wateja kwenye ngazi. Hatuoni ajabu mtu aliyekwishakunywa katika baa tatu kujihisi anasukumwa kwenye ngazi ya baa ya nne.

Kuhusu itikadi tuseme machache, kwa kuwa wasomaji wetu wameyasikia mara nyingi. Roho za waliokufa zimo katika barzakh mpaka siku ya kufufuliwa, kama ilivyobainishwa katika Sura al-Mu'minun, aya ya 99 na ya 100. Hazirandi katika vyumba vya chini vya baa zikiangusha chupa. Majini wapo, na kuwepo kwao ni katika itikadi yetu, lakini majini si marehemu. Na kabla hatujawacheka Wamarekani tukumbuke kwamba mwaka 1995 watu wazima wa Unguja na Pemba walilala nje ya nyumba zao kwa kumhofu popobawa, na kwamba wapo miongoni mwetu wanaoswali safu ya mbele Ijumaa na Jumamosi wakapeleka ubani kwenye mbuyu. Mmarekani angalau amelipia tiketi akijua ni mchezo.

Turudi kwenye maiti. Katika Savannah lipo makaburi ya Colonial Park, yaliyoanza mwaka 1750 na kufungwa kwa maziko mwaka 1853. Mwaka 1820 homa ya manjano iliua watu wapatao 700 katika mji huo, karibu mtu mmoja katika kila kumi, na wengi wao wamelala hapo. Misafara ya usiku husimama kwenye uzio, vikombe mikononi, kuhadithiwa habari zao. Sisi tumefundishwa kuzuru makaburi ili tuikumbuke Akhera, na tumekatazwa hata kukaa juu ya kaburi, kwa kuwa heshima ya mwanadamu haikatiki kwa kufa kwake. Ni vigumu kufikiri jambo lililo mbali zaidi na mafundisho haya kuliko kaburi la waliokufa kwa tauni kuwa kituo cha kati ya bia mbili.

Lakini lililo zito zaidi ni habari za watumwa. Iko nyumba kubwa mjini humo, iitwayo Sorrel-Weed, ambamo wageni huhadithiwa usiku kisa cha kijakazi aitwaye Molly: kwamba bwana wake alimwingilia, bibi wa nyumba akajitupa kutoka juu akafa, na baadaye Molly akakutwa amenyongwa. Mwanahistoria Tiya Miles, katika kitabu chake cha mwaka 2015 kuhusu matembezi ya mizuka na kumbukumbu za utumwa, alitafuta katika kumbukumbu zilizoandikwa na hakupata ushahidi kwamba Molly huyo alipata kuishi. Yaani wanawake wa kweli waliodhulumiwa katika majumba yale, ambao hawana idadi, hawasemwi. Badala yao ametungwa mmoja, akapewa jina zuri, na kifo chake kikafanywa kitoweo cha mvinyo.

Wapo watakaosema, na hoja yao si ya kupuuzwa, kwamba pasingekuwa na kisa cha mzuka basi mtalii asingesikia kabisa kwamba kulikuwa na watumwa katika nyumba ile. Angeonyeshwa viti vya mahogani na vyombo vya fedha akaenda zake. Ni kweli kwamba zamani ndivyo ilivyokuwa, na ni kweli pia kwamba mjini humo wapo waongozaji wanaoeleza historia ya watu weusi mchana, kwa ukweli na heshima. Tunawapongeza. Lakini dhulma inayosimuliwa ili msikilizaji asisimke, kisha acheke, kisha aagize kingine, humwacha amezoea dhulma kuliko alivyokuja. Tena hakuna anayewajibika kwa usahihi wa anachosema. Zamani mji ulimtaka mwongozaji afaulu mtihani wa historia ndipo apewe leseni. Mwaka 2014 baadhi ya waongozaji waliushtaki mji kwa hoja ya uhuru wa kusema, mwaka 2015 mji ukaufuta mtihani, na mwaka 2019 hakimu akaamua kwamba sharti lile lilikuwa kinyume cha katiba.

Na yapo ya kweli yasiyohitaji mzuka. Tarehe 2 na 3 Machi 1859, katika uwanja wa mashindano ya farasi wa Ten Broeck, nje kidogo ya Savannah, palifanyika mojawapo ya minada mikubwa kabisa ya watumwa katika historia ya Marekani. Mwenye mali alikuwa Pierce Mease Butler, mrithi wa mashamba ya mpunga na pamba, aliyeteketeza utajiri wake katika kamari na hasara za hisa. Ili kulipa madeni hayo watu 436 walitangazwa kuuzwa: wanaume, wanawake na watoto wachanga. Waliouzwa ni 429, kwa jumla ya dola 303,850. Mvua ilinyesha siku zote mbili. Mwandishi wa gazeti la New York, Mortimer Thomson, aliyejifanya mnunuzi ili aingie, ameeleza kwamba siku kadhaa kabla ya mnada hoteli za Savannah zilijaa wafanyabiashara ya watumwa, na kwamba katika baa zake hapakuwa na mazungumzo mengine ila mnada na bei zitakazofikiwa. Ilitangazwa kuwa familia hazitatenganishwa. Lakini familia katika hesabu yao ilikuwa mume, mke na watoto wadogo. Wazazi wazee, kaka na dada walitawanywa katika majimbo ya mbali. Mwisho wa mnada Butler alipita akimgawia kila mmoja dola moja, katika sarafu mpya za senti 25.

Zingatieni, ndugu zetu, jinsi kamari na pombe zilivyokutana hapo, moja ikiwauza watu na nyingine ikiwakaribisha wanunuzi. Aya ya 90 ya Sura al-Maida imezitaja pamoja.

Uwanja ule uko magharibi, kilomita kadhaa kutoka kwenye baa za mtaa wa kale. Kibao cha kumbukumbu cha karibu na hapo kiliwekwa mwaka 2008, miaka 149 baada ya mnada. Matembezi ya pombe na mizuka yanazunguka katika mtaa wa kale.

Kwenye pwani hiyo hiyo, kusini ya Savannah, kiko kisiwa cha Sapelo. Hapo aliishi mtumwa aitwaye Bilali Muhammad, mzaliwa wa Timbo katika Futa Jallon, ambayo leo ni nchi ya Guinea. Alikamatwa angali kijana, akapelekwa Bahamas, na mwanzoni mwa miaka ya 1800 akaletwa Sapelo katika shamba la Thomas Spalding, ambako alifanywa msimamizi wa mamia ya watumwa wenzake. Alikufa katika miaka ya 1850. Katika miaka ya 1930 vizazi vyake walikuwa bado wakisimulia juu ya msala, tasbihi na nyakati za swala, na juu ya maandazi ya mchele ambayo bibi zao waliyagawa siku maalumu wakiyaita saraka. Msomaji wa Kiswahili hahitaji kufasiriwa neno hilo.

Bilali aliacha kijitabu cha kurasa 13 kilichoandikwa kwa herufi za Kiarabu. Kwa miaka mingi waliokimiliki walidhani ni shajara ya mtumwa, au hesabu za shamba. Mwaka 1939 mtaalamu wa lugha Joseph Greenberg aliwaonyesha maulamaa wa Kano, nchini Nigeria, nao wakatambua humo maneno ya Risala ya Ibn Abi Zayd al-Qayrawani, kitabu cha fiqh ya Maliki ambacho wanafunzi wa Afrika Magharibi hukihifadhi. Mtu aliyetekwa angali kijana, bila kitabu mbele yake, alikaa katika shamba la pamba akaandika kwa kumbukumbu namna ya kutawadha na namna ya kuadhini. Hakuandika malalamiko, wala habari za bwana wake.

Kijitabu hicho kimehifadhiwa katika maktaba ya Chuo Kikuu cha Georgia, katika mji wa Athens. Kijana wetu aliyeko jimbo lile, akialikwa tena matembezi ya usiku, na awaambie wenzake kwamba yuko tayari kuwapeleka mahali pengine siku ya pili asubuhi, na awasomee yeye mwenyewe kilichoandikwa humo.