Choo Kikishajengwa, Nani Anakisafisha?

Vijana wenzangu, na ninyi wakubwa zetu wa mashirika, leo naomba tuongee choo. Najua wengine wataona haya. Lakini haya haijawahi kumzuia mtu kuhara.

Maoni yangu ni haya: choo kinajengwa siku chache, kinasafishwa kila siku, na hiyo kazi ya kila siku haina mwenyewe. Mashirika yanahesabu vyoo vilivyojengwa. Wababa wanajisifia shimo walilochimba. Ufagio anaachiwa binti wa nyumba. Akienda shule, ao akiugua, choo kinalala hivyo hivyo. Hapo njo ugonjwa unapoingia.

Mwenye kuijua Bugarama anaelewa ninachosema. Huku milima inashuka mpaka ziwani. Mvua ikinyesha, kila kitu cha juu kinateremka chini. Mavi ya mtoto yaliyotupwa kwenye majani, choo kilichofurika, vyote vinaishia majini. Na pale pale kuna mtu anachota na bidon, mwingine anaoga, mwingine anaosha vyombo. Kipindupindu si mgeni kwenye Tanganyika. Kilifika Burundi mwaka 1978, na tangu hapo kinaenda na kurudi. Tarehe 1 Januari 2023 serikali ilitangaza tena mlipuko, safari hiyo Bujumbura. Ni ugonjwa unaoweza kumuua mtu mzima mwenye nguvu zake kwa saa chache tu kama hakutibiwa.

Sisi wakimbizi tuko karibu zaidi na hiyo hatari, kwa sababu tunaishi tumebanana. Mnakumbuka Januari 2018: vita vya Fizi vilifanya maelfu ya watu wavuke ziwa kwa mitumbwi, wakafikia upande wa Rumonge na Nyanza-Lac. Ukifika namna hiyo, choo chako cha kwanza ni cha watu wengi. Kanuni za Sphere, ambazo mashirika mengi yanazifuata, zinasema dharura ya kwanza ikipita, choo cha pamoja kisizidi watu 20. Sawa kabisa. Lakini choo cha watu 20 kisicho na mwenyewe kinaharibika kama cha watu 100. Kila mmoja anasema: "Mimi nilikikuta hivyo."

Kwa hiyo tuanze na mwenyewe. Nyumba tatu ao nne zichukue choo kimoja, kifuli kimoja, kila nyumba na ufunguo wake. Zamu iandikwe kwenye karatasi, ibandikwe mlangoni. Na kwenye hiyo karatasi majina ya wavulana yawepo. Kaka, kama una nguvu ya kubeba bidon ya lita 20 toka ziwani, ufagio hautakushinda. Wanaosema kusafisha choo ni kazi ya wanawake, mbona kukitumia si kazi ya wanawake peke yao?

Kazi yenyewe haimalizi hata nusu saa. Fagia kwanza pakiwa pakavu. Halafu sugua sakafu na sabuni na maji kidogo. Nasema kidogo kwa sababu shimo likijaa maji linajaa haraka, na huku chini karibu na ziwa maji ya ardhini hayako mbali. Pangusa mlango na kile kipande cha mti ao chuma unachoshika ukifunga, maana pale kila mkono unapita. Mwaga majivu ya jikoni ndani ya shimo: yanakausha, yanapunguza harufu, na nzi hawapendi. Funika tundu. Ufagio wa choo ubaki chooni, usiingie nyumbani. Ukimaliza, nawa mikono na sabuni.

Kama una javel, itumie kwenye sakafu na mlango, baada ya kusugua. Usiimwage ndani ya shimo. Mule uchafu ni mwingi, nguvu ya dawa inaisha bure, na unaua vijidudu vinavyosaidia mavi kuoza. Tena usiichanganye na dawa nyingine ya choo ao siki, inatoa hewa ya sumu.

Kinyesi cha mtoto mchanga nacho kinaenda chooni. Wamama wengine wanasema cha mtoto si kibaya. Hapana, kina magonjwa kama cha mtu mzima. Na shimo likibakiza kama nusu mita lijae, acha kulitumia, lifukie na udongo, mchimbe lingine. Lisiwe chini ya mita 30 toka kisima.

Kunawa je? Kandagira ukarabe inatosha, ile ndugu zetu wa Tanzania wanaiita kibuyu chirizi: kibidon kidogo chenye tundu, kamba, kijiti cha kukanyaga. Sabuni itoboe, uifunge na kamba pembeni. Kijana mmoja anatengeneza tatu kwa siku moja.

Najua mtajibu: "Sabuni yenyewe iko wapi?" Ni swali la haki, na hapo nawageukia ninyi wa mashirika. Sphere inasema kila mtu apate gramu 250 za sabuni ya kuoga na 200 za kufulia kwa mwezi. Hata ikifika yote, mama anaigawa kwa watoto, nguo na sahani, na choo kinakuwa cha mwisho. Kwa hiyo mkileta choo, leteni na ufagio, ndoo na sabuni yake, na mrudi baada ya miezi mitatu kuangalia. Kwenye ripoti zenu, pamoja na "vyoo vilivyojengwa", wekeni mstari mwingine: vyoo ambavyo leo asubuhi ni visafi, vina maji ya kunawa, na mlango unafunga kwa ndani. Huo mlango si urembo. Choo kichafu chenye mlango mbovu kinamfanya msichana ajizuie mchana kutwa, halafu usiku atafute kichaka. Anayoyakuta kule mnayajua.

Hii si ndoto. Mwaka 1973 Tanzania ilifanya kampeni ya Mtu ni Afya. Watu karibu milioni 2 walikaa kwa vikundi, wakasikiliza redio, wakajadiliana, wakaamua wenyewe, wakachimba vyoo vyao. Wakati huo Warundi wengi waliokimbia mwaka 1972 walikuwa huko Tanzania, na baadhi yao walirudi kuishi hapa Rumonge. Wazee hao tunao, tuwaulize. Watu wale walikuwa na mazungumzo na uamuzi wao wenyewe kabla ya sululu. Sisi mara nyingi tunapewa choo kwanza, mazungumzo hayafiki.

Jumamosi asubuhi tunatoka kwenye kazi za jumla, tunafagia barabara, tunazibua mitaro. Vizuri. Ila barabara inaonekana na wageni, choo hakionekani. Napendekeza Jumamosi hii, tukitoka huko, kila kijana aende kwenye parsele yake na karatasi na kalamu, aite majirani watatu, waandike zamu. Na jina la kwanza liwe la mvulana.