MPAKA ULIOVUKWA NI WA NANI?



Wanaotetea sinema za ngono hupenda kusema kwamba msanii hodari ni yule anayevuka mipaka. Sisi tunauliza: mpaka wa nani?

Mwaka 1972 Mwitaliano Bernardo Bertolucci alitoa sinema iitwayo Last Tango in Paris. Wako walioisifu kuwa ya kijasiri, na wako walioilaani. Mwaka 1976 mahakama ya juu ya Italia iliamuru nakala zake ziteketezwe kwa sababu ya uchafu. Pande zote zilishindania kile kilichoonekana. Lakini Maria Schneider, aliyeigiza akiwa na miaka 19, alieleza mwaka 2007 kwamba katika onyesho la ubakaji alijisikia amedhalilishwa, na machozi yale yalikuwa yake ya kweli. Mwaka 2013 Bertolucci alikiri kwamba alimficha kwa makusudi sehemu ya onyesho hilo. Basi mpaka uliovukwa haukuwa wa sanaa. Ulikuwa wa utu wa binti.

Mwaka huohuo wa 1976 nchi yetu nayo ilitunga Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza, ili yanayoonyeshwa hadharani yakaguliwe kwanza. Baadaye ikaja mikanda ya video, na sinema ikahamia vibandani. Leo imo katika simu ya mtoto. Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015 inakataza kusambaza picha za ngono. Sheria hizi ni za lazima. Hata hivyo, mkaguzi humlinda anayetazama. Ni nani anayemlinda aliyepigwa picha?

Wapo wanaosema jambo hili si geni Uluguru, kwani hata mwali alifundwa mambo ya unyumba. Ni kweli. Lakini alifundwa ndani, na wanawake aliowajua, wala hapakuwa na kiingilio mlangoni.

Hatusemi sinema isiguse dhambi wala majeraha ya mwili. Inaweza kusimulia ubakaji bila kumdhulumu anayeigiza. Tunachokataa ni biashara inayomgeuza mtu kuwa bidhaa, na unafiki wetu unaoilinda. Picha ya siri ya binti inaposambazwa, tunamsengenya binti. Aliyeisambaza tunasalimiana naye sokoni kama kawaida. Je, hiyo ndiyo haki?

Kwa hiyo, viongozi wa jumuiya hapa Mzinga, tunawasihi:

Mwenye kibanda anayewaingiza watoto katika picha za wakubwa aonywe. Akikaidi, serikali ya mtaa ijulishwe.

Picha ya aibu ikizagaa, wa kwanza kuitwa awe aliyeisambaza.

Binti asikilizwe, wala asiondolewe katika kwaya kwa kosa alilotendewa.

Na kila mwenye simu ajue: anayepokea picha hiyo na kumtumia mwenzake, naye amekwisha kuuvuka mpaka.