Ngozi ya Mfanyakazi Haihitaji Mkorogo

Mwalimu aliyeshika chaki tangu asubuhi hurejea nyumbani mikono ikiwa imekauka na kupauka. Karani naye hurejea na vumbi na jasho la safari. Ni haki ya wote wawili kutenga dakika kumi za jioni kuipumzisha miili yao. Jambo hilo si anasa, wala si la wanawake peke yao.

Utunzaji wa ngozi hauna siri. Tabaka la juu la ngozi lina mafuta ya asili yanayozuia maji ya mwili yasipotee. Maji ya moto mno na sabuni kali ya kufulia huyaondoa mafuta hayo. Kwa hiyo yatosha kunawa kwa maji ya vuguvugu na sabuni laini, kujifuta taratibu bila kujisugua, kisha kujipaka mafuta ya mgando kabla ngozi haijakauka kabisa, ili unyevu ubaki ndani. Mwenye chunusi na atumie losheni nyepesi usoni. Hayo yote hayamalizi mshahara wa mtu.

Lakini saa hiyo ya utulivu imevamiwa na wauzaji wa mkorogo. Hao humwuzia mfanyakazi aibu ya rangi yake, kisha humwuzia dawa ya aibu hiyo. Katika baadhi ya vikopo vyao imo zebaki, ambayo hudhuru figo na mishipa ya fahamu, na ambayo mama mjamzito huweza kumpitishia mtoto aliye tumboni. Imo pia haidrokwinoni, ambayo ikitumiwa muda mrefu bila uangalizi wa daktari huweza kuacha mabaka meusi yasiyoondoka kwa urahisi. Zimo na steroidi, ambazo huifanya ngozi kuwa nyembamba na dhaifu.

Wapo wasemao kwamba kila mtu ana uhuru wa kujipamba apendavyo. Ni kweli. Lakini anayejipaka kitu asichokijua hajachagua. Amechaguliwa na mfanyabiashara.

Mataifa yaliupitisha Mkataba wa Minamata kuhusu zebaki mwaka 2013, na mwaka 2023 wanachama wake wakakubaliana kwamba vipodozi vyote vilivyotiwa zebaki vikomeshwe ifikapo 2025. Hata hivyo, sheria peke yake haiwezi kusimama katika kila duka. Mnunuzi naye hana budi kusoma maandishi ya kikopo, na kukikataa kile kisichotaja kilichomo.

Wajibu wa mwalimu ni mkubwa zaidi. Mtoto huiga matendo kabla ya maneno. Mwanafunzi amwonapo mwalimu wake akiichubua ngozi yake, hujifunza somo ambalo halimo katika mtaala wowote: kwamba rangi aliyozaliwa nayo ni kasoro. Amwonapo akiwa nadhifu katika rangi yake mwenyewe, hujifunza kuiheshimu ya kwake. Basi maji, sabuni laini na mafuta kidogo vitoshe.