Waasi Wetu Wabebe Saa, Wasiivunje

Mwandishi mwenzangu, tafadhali usiniletee tena hadithi ya waasi wanaovunja saa.

Najua inakotoka. Mwaka 1907 Joseph Conrad alichapisha The Secret Agent, riwaya yenye njama ya kulipua Greenwich, mahali ambapo dunia inaanzia kuhesabu saa zake. Mwaka 1965 akaja Mmarekani Harlan Ellison na hadithi fupi, “Repent, Harlequin!” Said the Ticktockman. Humo ukichelewa dakika kumi, unakatwa dakika kumi za uhai wako. Ukizidisha, Mtunza Saa Mkuu anauzima moyo wako akiwa ofisini. Muasi wake, jamaa aliyevaa kama mchekeshaji, anawamwagia wafanyakazi peremende za dola 150,000 wakati wa kubadilishana zamu. Watu wanacheka, wanaokota, ratiba inachelewa dakika saba.

Dakika saba! Niliisoma kwenye simu nikiwa kwenye foleni ya ofisi moja ya serikali tangu saa mbili asubuhi, na ilikuwa saa sita kasoro. Nilicheka mpaka mama aliyekuwa mbele yangu akageuka. Hapa kwetu dakika saba nani atazisikia?

Si kwamba hadithi ni mbaya. Ellison aliandikia nchi ya viwanda, ambako mwenye nguvu anakubana kwa kukulazimisha kuwahi. Hapa mwenye nguvu anakubana kwa kuchelewa yeye. Kadi inasema mgeni rasmi atafika saa nne. Anafika saa nane, watoto wa shule wameungua na jua wakiwa na nyimbo zao mdomoni, na tunampigia makofi. Mtoto huyo huyo akifika shuleni dakika tano baada ya kengele, geti limefungwa.

Mimi niliacha chuo mwaka wa tatu. Maksi za masomo mawili zilipotea. Idara ikanituma kwa mhadhiri, mhadhiri amesafiri, “kuja Jumatatu.” Nilikuja Jumatatu nyingi sana. Lakini tarehe ya mwisho ya kulipa karo haikusafiri hata siku moja, na landilodi wangu hakuwahi kuniambia kuja Jumatatu. Muda wangu ulikuwa chuma, wao wakawa na mpira wa kuvutika. Hakuna aliyenishikia bunduki, na ndiyo maana nikisimulia hii kitu watu huniuliza kwani sikuvumilia.

Subira huvuta heri, sawa. Inamvutia nani?

Tena usiniambie habari ya “African time”, kwamba eti ni damu yetu. Mama mboga anayeingia Marikiti saa kumi alfajiri ni wa wapi? Na wale wanaotembea kwa miguu gizani kwenda Industrial Area ili geti lisiwafungie? Watu hawa wanajua saa kuliko mkurugenzi yeyote.

Serikali nayo huikumbuka saa inapotaka kuitumia kama kiboko. Machi 2020 ilitangaza kafyu kuanzia saa moja jioni, na ghafla kila dakika ikawa na uzito. Aprili 2021, kafyu ya Nairobi ikiwa saa mbili usiku, polisi walifunga Barabara ya Thika na watu wakalala kwenye jam, ambulensi zikiwa humo humo. Kosa lako ni kutofika nyumbani, na anayekuzuia kufika nyumbani ndiye anayekushtaki. Ellison hangebuni kitu kama hicho.

Basi kikundi changu cha waasi hakina bomu wala peremende. Kina saa za mkononi na madaftari. Wanachama wanakaa kwenye kila foleni na kuandika: nani aliahidi saa ngapi, akafika saa ngapi, wangapi walikuwa wakingoja. Watu 30 wakingoja saa nne kila mmoja, hizo ni saa 120, siku tano nzima za maisha ya mtu, zimekwenda na chai ya mkubwa. Mwisho wa mwezi wanampelekea bili.

Utaniambia kwamba waasi wanaoabudu saa hivyo watageuka kuwa Watunza Saa wenyewe. Inawezekana, na hiyo ni hadithi nzuri pia, iandike. Lakini kwanza tuwe na hiyo saa. Huwezi kuharibu ratiba ambayo mkubwa hajawahi kuifuata.

Ellison anamalizia Mtunza Saa Mkuu akiambiwa kwamba leo yeye mwenyewe amechelewa dakika tatu, naye anakana. Mimi ningeanzia hapo, na msichana wa mapokezi ambaye tayari ameangalia saa yake na kuandika.